Waliwasha taa kabla Semar hajatokea

Nimekaa na hili siku kadhaa nikidhani hasira zitapoa. Hazijapoa.

Mimi na dada yangu tulikuwa Yogyakarta, kisiwani Java nchini Indonesia, tukakata tiketi za wayang kulit kwenye ukumbi wa watalii. Ni mchezo wa vivuli: vikaragosi vya ngozi ya nyati kati ya taa na pazia, na mtu mmoja tu, dalang, ndiye anayevisemea vyote na kuwaongoza wapiga gamelan, yaani kundi la ala za kugongwa. Kijijini huanza usiku hukesha hadi alfajiri. Letu lilikuwa onyesho fupi, na hilo tulilijua tangu mlangoni.

Lililonichoma ni yule kijana wa ukumbi. Nilizunguka upande wa dalang, ambako Wajava wenyewe hupenda kukaa. Nikamwona mzee kwa karibu: vidole vya mguu wa kulia vimebana kigongo cha mbao, anagonga vibati, cha-cha-cha, huku mikono juu Arjuna, shujaa wa hadithi, anapigana vita. Mwili mmoja, kazi ya watu kumi! Kijana akanishika mkono wa gauni akanivuta kama mwizi. Samahani hakuna. Nikarudi kitini, machozi karibu.

Mambo yakaanza kunoga. Nilikuwa namsubiri Semar na wanawe, wale watumishi wachekeshaji wasioogopa kumsema mkubwa. Mara taa za ukumbi zikawaka, vivuli vyote vikafa pale pale, na kijana yule yule anapiga makofi kutuhimiza tutoke. Mzee bado kashika kikaragosi juu, sentensi haijaisha! Sanaa ambayo UNESCO iliitangaza mwaka 2003 kuwa hazina ya urithi wa binadamu, inafungwa kama duka. Mtu mzima yule, jamani. Hata salamu hakupewa.

Nilikuwa niandike: msiende kabisa.

Lakini tukiwa tunatoka mzee akatuita kwa mkono. Akamtoa Semar sandukuni akanikabidhi. Kishikio cha pembe, laini kwa kushikwashikwa. Ngozi imetobolewa vitundu vidogo mno, ukiinua kwenye taa inameta kama nyota. Kisha akamsemea, sauti nzito ya kutoka kifuani, kwa ajili yetu wawili tu. Dada yangu alilia.

Kwa hiyo nendeni, kwa ajili yake yeye. Ukumbi ule mimi sirudi. Au nitarudi, nikae upande wa mzee, na kijana anishike tena aone.