Fulana zetu kumi na mbili, na mchapaji aliyesema lugha yetu ni ya mashetani

Ukiwa na kazi ya kuchapa yenye neno hata moja ambalo mwenye duka halijui, usiipeleke kwa yule bwana wa hapa Mtwara mjini, upande wa sokoni. Jina la duka silitaji. Wa kijiweni kwetu wanalijua, inatosha.

Sisi ni madereva bodaboda kumi na wawili. Ligula, Shangani, Mikindani, Naliendele, kote tunapeleka. Korosho zilipoanza kuuzwa na hela zikaanza kuonekana mkononi, tukachanga tupate fulana za sare. Maneno nilichagua mimi, katibu, na nilitaka yakae mgongoni, kwa sababu abiria wa pikipiki safari nzima anatazama mgongo wa dereva. Nikachagua haya: Hash yer dothrae chek?

Hicho ni Kidothraki, lugha ya wale wapanda farasi wa kwenye Game of Thrones, tamthilia iliyoanza kuonyeshwa 2011. Mwenye riwaya zilizozaa tamthilia hiyo, George R. R. Martin, alikuwa ameweka vineno vichache tu humo. Lugha yenyewe, na sarufi yake yote, aliitunga David J. Peterson, Mmarekani msomi wa isimu. Na wenye tamthilia walipoitangaza walisema ametazama Kirusi, Kituruki, Kiestonia, Kiinuktituti cha kaskazini mwa Kanada, na Kiswahili. Kiswahili! Siku niliyolisoma hilo nilikuwa nimekaa juu ya pikipiki nasubiri abiria, nikashuka nikawasomea wenzangu kwa sauti.

Hebu litazameni hilo swali. Hash ni "je". Yer ni "wewe". Dothrae ni "wapanda". Chek ni "vizuri". Maneno manne kwa manne, na yamepangwa kama tunavyoyapanga sisi: Je, wewe wapanda vizuri? Na hiyo ndiyo "hujambo" yao. Watu ambao hata jina lao lina maana ya wapandaji, wakitaka kujua hali yako wanakuuliza unavyopanda. Ukiwa mzima unajibu, anha dothrak chek, napanda vizuri. Halafu wana ma, ambayo ni "na" yetu kabisa, ile ya "mimi na wewe" na ile ya "nakuja na mwanangu". Sisemi kila kinachofanana kimetoka kwetu. Nasema mtu wa Mtwara anaingia humo bila kujikwaa, na kwa salamu ya watu wa bodaboda, nitafutieni nzuri kuliko hiyo.

Basi nikaandika kwenye karatasi, herufi kubwa, moja moja, nikampa pamoja na nusu ya hela, elfu tisini. Nikamwambia, "Kaka, naomba uandike kama lilivyo, usirekebishe kitu." Hakuinua hata uso. Akaweka kikombe chake cha chai juu ya karatasi.

Siku ya kuchukua, fulana zote kumi na mbili zimeandikwa HAS YEAR DO THREE CHECK. Kompyuta ilimpigia mistari myekundu, naye akakubali kila ilichopendekeza. Nikamwonyesha karatasi yangu, ipo palepale mezani, duara la chai limezunguka neno CHEK na herufi zinasomeka zote. Akasema, "Nyie watu wa pikipiki mnaniletea lugha ya mashetani halafu mnanilaumu mimi." Mbele ya wateja. Mama mmoja aliyekuja kutoa kopi ya cheti cha mtoto akasogea pembeni, akanitazama kama nimebeba hirizi.

Kilichoniuma ni hiki. Kidothraki hakina neno la "asante". Hakina kabisa. Lakini hao watu wakali, watu wa mapanga, wakikusalimia wanasema m'athchomaroon, yaani "kwa heshima". Heshima ndiyo inayofungua mdomo. Yule bwana ana Kiswahili chote, ana samahani, ana karibu, ana pole, ana tafadhali, na hakutumia hata moja.

Alikubali kurudia, ila kwa elfu arobaini ya juu. Tulilipa, kwa sababu nusu ya hela ilikuwa tayari kwake. Nikasimama nyuma yake nikimtajia herufi mpaka ya mwisho.

Sasa nisiwe mwongo. Kazi ya pili ni nzuri mno. Tumezifua kwa sabuni ya mche, tumezianika kwenye jua letu hili, tumenyeshewa nazo njia ya Naliendele, na hakuna herufi iliyobanduka. Kwa mkono wake, nendeni. Nilipoanza kuandika nilikusudia kusema msikanyage pale, na nikikumbuka yule mama alivyosogea narudi palepale: msikanyage.

Juzijuzi akanisimamisha yule mchapaji mwenyewe, hakunitambua kwa sababu ya kofia ngumu. Shangani. Akapanda. Tulipofika karibu na baharini nikamsikia nyuma yangu anasoma polepole, neno kwa neno, na akayasoma sawasawa. Akauliza, "Hivi hii maana yake ni nini?"

Nikamwambia, "Je, wapanda vizuri?"

Akanyamaza kidogo. "Kumbe ni salamu," akasema. Nadhani sauti ndiyo iliyonifichua, maana aliposhuka alinitazama vizuri usoni, akanilipa nauli na mia tano ya ziada, akanishika bega, akaondoka. Samahani hakusema. Kwa hiyo sijui tena niwaambie mwende au msiende. Ile elfu arobaini bado iko kwake.