DVD za Michael Wood, bibi akiwa pembeni

Nilizinunua mtumba mtandaoni, seti tatu, binamu yangu akanibebea kutoka Uingereza hadi Tanga. Deki ya nyumbani ikazitema: DVD hufungwa kwa maeneo ya dunia, diski hizi ni za eneo 2, yetu inasoma eneo 5. Muuzaji hakuligusia hilo, na meseji zangu hajazijibu hadi leo. Laptopu imekubali, ila inaruhusu kubadili eneo mara 5 tu, na mbili nimeshazimaliza kwa kuhangaika.

Wood ni mwanahistoria wa Manchester, yuko kwenye televisheni tangu mwishoni mwa miaka ya 1970. Anachukua hadithi ya kale, anafunga safari hadi inakosimuliwa, anawasikiliza wenyeji, huku akipima wanayoyasema wanaakiolojia. Ana tabia ya kuisogelea kamera na kunong'ona kama anakupa umbea wa jirani. Mwanzoni inachekesha, baadaye unazoea.

Iliyonikaa moyoni ni In Search of Myths and Heroes ya 2005, vipindi 4. Cha Malkia wa Sheba nilikitazama na bibi, nikimtafsiria, maana maandishi ya Kiswahili hayamo. Tatizo ni kwamba bibi anaijua hadithi kuliko mimi. Kila baada ya dakika chache: "Hudihudi, yule ndege wa Nabii Suleiman, anatokea lini?" Tulipofika Yemen, nchi ya Bilqis, kama bibi anavyomwita malkia huyo, akaniamuru nisimamishe. Akasimama, akapandisha khanga hadi chini kidogo ya goti, akapiga hatua mbili kwenye sakafu ya saruji kuonyesha Bilqis alivyodhani sakafu ya vioo ya Nabii Suleiman ni maji. Wahabeshi wanaomwita Makeda, mama yake Menelik, hakuwapinga, alisema tu, "Kila mtu anamtaka kwao."

Hapo ndipo ninapomheshimu Wood. Maandishi ya kale ya Wasaba, watu wa Sheba, hayajapata kumtaja malkia huyo, lakini yeye hawacheki wanaomsimulia.

Ya Troya, mji wa vita vya hadithi za Wagiriki, In Search of the Trojan War, vipindi 6 vya 1985, ina uchambuzi mzito kuliko zote, lakini imezeeka. Dhahabu aliyoichimba Mjerumani Schliemann pale Hisarlik, Uturuki, panapoaminika kuwa ndipo Troya, iliyotoweka Berlin mwaka 1945, ilikuja kujulikana miaka ya 1990 kuwa iko Moscow. Uchimbaji uliofichua mji wa chini, nje ya ngome, ulianza 1988. Soma kidogo kwanza, la sivyo utabaki na maswali yaliyokwisha kujibiwa. Anayeanza ningemwambia aanze na ya 2005.

Imebaki ile ya Iskandari (Alexander Mkuu), ya 1998, vipindi 4 kutoka Ugiriki hadi India. Bibi amesikia kwamba wapo wanaosema Iskandari ndiye Dhulqarnain anayetajwa kwenye Kurani, basi ameiwekea nafasi Ijumaa baada ya chakula, kwa sharti kwamba kitufe cha kusimamisha atakishika yeye.