Ziara ya miguu ya Mji Mkongwe: bora vituo vinne kuliko kumi na viwili

Ziara fupi ya kutembezwa Mji Mkongwe, Unguja, huuzwa kwa jina moja, lakini ndani yake mna bidhaa mbili. Ya kwanza ni msururu wa vituo kumi na viwili ndani ya saa mbili: picha, tarehe, haya twende. Ya pili ina vituo vinne au vitano, na njiani mtembezaji anasimama mbele ya ukuta au mlango akakueleza kwa nini umejengwa hivyo. Bei zake mara nyingi hukaribiana. Anayelipia ya kwanza anarudi hotelini na picha nyingi na majina ya masultani yaliyochanganyika; Barghash kawa Khalid, Khalid kawa Khalifa.

Umbali si tatizo. Eneo lililoingizwa kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2000 ni hekta 96 tu, na kutoka Forodhani, bustani ya ufukweni, hadi soko la Darajani anayejua njia hatumii zaidi ya robo saa. Muda huliwa na foleni za kuingia, maduka ya zawadi na kusubiriana. Kwa hiyo swali la kwanza kabla ya kulipa si "tutaona nini?" bali "tutaingia wapi?" Kuona kwa nje ni bure kwa kila mpita njia. Kuingia kuna kiingilio chake, na mara nyingi hakimo kwenye bei ya mtembezaji. Taka jibu la wazi: bei hii ni pamoja na viingilio au bila? Mtanzania na mtu wa Afrika Mashariki awe na kitambulisho mfukoni, kwani sehemu kadhaa zina kiwango cha wenyeji na kingine cha wageni.

Saa nzuri za kuanza ni mbili: saa mbili na nusu asubuhi, au saa tisa na nusu alasiri. Ya asubuhi inakupa hewa na kivuli, na inawawahi wageni wa hoteli za Nungwi na Kiwengwa wanaoshushwa na mabasi baadaye. Ya alasiri inakufikisha Forodhani karibu na machweo. Saa sita mchana achana nayo, hasa Desemba hadi Februari, maana joto hutulia vichochoroni na hata mtembezaji mwenyewe huanza kufupisha maneno. Ijumaa maduka mengi hufungwa kwa ajili ya sala, na vijia karibu na misikiti hujaa watu. Wakati wa masika, Machi hadi Mei, vaa viatu vinavyoshika. Mawe yaliyolainika kwa miguu ya vizazi huteleza vibaya yakilowa.

Ziara nyingi huanzia Ngome Kongwe kwa sababu ndiko hoteli na ofisi ziliko. Ni mpangilio wa kumfaa muuzaji. Unaofaa zaidi ni kuanzia Mkunazini na kushukia baharini. Mkunazini ndipo penye uzito, na penye kuhitaji kichwa ambacho hakijachoka. Tena ukimalizia Forodhani unaweza kumuaga mtembezaji ukakaa, badala ya kurudishwa ulikotoka.

Mkunazini ni Kanisa Kuu la Anglikana, lililojengwa mahali palipokuwa soko la watumwa. Soko lilifungwa mwaka 1873, baada ya Sultani Barghash kutia saini mkataba na Waingereza tarehe 5 Juni mwaka huo. Askofu Edward Steere alisimamia ujenzi, na amezikwa humo humo nyuma ya altare. Ndiye aliyeandika sarufi na kutafsiri maandiko kwa Kiswahili cha Unguja, lahaja ambayo baadaye ilifanywa msingi wa Kiswahili sanifu. Ajabu ni kwamba watembezaji wengi huruka jambo hilo hata wakiwa na wageni wanaozungumza Kiswahili, wakakimbilia nguzo zilizosimamishwa kichwa chini. Nguzo zipo, na zinachekesha, lakini dakika moja zinatosha.

Nje kuna mchongo wa Clara Sörnäs wa mwaka 1998, watu watano ndani ya shimo, shingoni wamefungwa minyororo halisi. Hapa mtembezaji mzuri hunyamaza. Kisha hukupeleka kwenye vyumba viwili vya chini, na hapa ndipo pa kumpima. Utaambiwa ni watu wangapi walijazwa kila chumba, kwa idadi kamili, kana kwamba daftari lipo. Jengo lililo juu ya vyumba hivyo ni la wamisionari, lilijengwa baada ya soko kufungwa, na wapo wanahistoria wanaotilia shaka kwamba vyumba hivyo viliwahi kuwa na watumwa. Biashara yenyewe haina shaka yoyote: watu waliuzwa pale, na maonyesho yaliyomo kwenye jengo hilo yanaeleza vizuri njia za misafara na za majahazi. Muulize mtembezaji, kwa upole, jengo hili ni la mwaka gani? Akikujibu kwamba kuna mjadala, una mtu anayejua kazi yake. Akikasirika, jua kilichobaki ni kukariri. Ngazi ni fupi na dari liko chini. Mrefu atainama, na mwenye magoti mabovu au anayehofu sehemu za kubana abaki kwenye maonyesho juu, hakosi kikubwa.

Tenga dakika arobaini na tano kwa Mkunazini. Ziara ya vituo kumi na viwili huitengea kumi na tano.

Baada ya hapo ni vichochoro, na hapa ndipo pesa yako inapofanya kazi, maana hakuna bango la kukusomea ukuta. Nyumba za Mji Mkongwe ni mawe ya matumbawe na udongo wenye chokaa, na dari zake hubebwa na boriti za mikoko. Boriti ndiyo iliyoamua upana wa chumba: haivuki mbali, kwa hiyo vyumba ni virefu na vyembamba. Ukishalijua hilo, kila nyumba unayoingia baadaye, iwe hoteli au mgahawa, unaielewa kwa jicho moja. Mtake pia akuonyeshe nyumba inayougua. Maji yakiingia kwa juu, kwenye paa au bomba bovu, chokaa hulainika, ncha za boriti huoza ndani ya ukuta, na sakafu hushuka. Wengine hukimbilia kupiga lipu ya saruji. Saruji huufungia ukuta unyevu ndani, na baada ya muda lipu hubanduka na vipande vya ukuta. Tofauti ya ukuta wa chokaa na ule wa saruji huonekana kwa macho, na mtembezaji akikuonyesha miwili iliyo jirani, kakupa somo lenye thamani kuliko tarehe ishirini.

Milango nayo ina mpangilio wake. Ule wa mtindo wa Kiarabu huwa na kizingiti cha juu kilichonyooka, chenye nakshi na mara nyingine maandishi ya Qurani. Wa Kihindi, wa asili ya Gujarati, hugawanywa vipande vya mraba vinavyokunjika, na hupatikana sana kwenye nyumba zilizokuwa na duka chini. Mingine juu ina tao. Misumari mikubwa ya shaba, inayosemekana kule India ilikuwa ya kuzuia tembo, hapa ni pambo na fahari. Tazama mwaka uliochongwa juu, kama upo: utakuwa wa Hijria. Mwaka 1300 ulianza Novemba 1882, kwa hiyo mlango wenye tarakimu hizo ni wa enzi za Barghash. Utaambiwa pia kwamba mnyororo uliochongwa kwenye miimo ni alama ya mfanyabiashara wa watumwa. Hadithi hiyo imeenea mno. Wengine husema mnyororo ni ulinzi wa nyumba. Isikilize, ila usiitumie kuhukumu ukoo wa mtu.

Kundi lisizidi watu wanane. Vijia vingine hata watu wawili hupishana kwa ubavu, na wa nyuma hasikii kitu. Vespa na baiskeli hupita humo humo, kwa hiyo ukisikia honi jibanze ukutani kwanza, geuka baadaye. Wazee walioketi barazani si sehemu ya maonyesho. Salamu inatangulia, picha ni kwa ruhusa. Mavazi ya kufunika mabega na magoti yanatosha kwa wageni wote.

Kule baharini mambo huenda haraka. Beit al-Ajaib, kasri la Barghash la mwaka 1883, liliporomoka sehemu tarehe 25 Desemba 2020 wakati wa ukarabati na kuua mafundi wawili. Tangu hapo ziara hizi hulitazama kwa nje tu. Anayekuuzia ziara kwa picha za ukumbi wake wa ndani anatumia karatasi za zamani. Bado panafaa kusimama, kwa kuwa hapo ndipo pa kusimuliwa tarehe 27 Agosti 1896, Waingereza walipolipiga kasri mizinga kwa muda usiofika saa nzima ili kumtoa Khalid bin Barghash kwenye kiti cha usultani, naye akakimbilia ubalozi mdogo wa Wajerumani. Mtembezaji akuonyeshe pengo lililo kati ya Beit al-Ajaib na Makumbusho ya Kasri: lilikuwa na jengo, Beit al-Hukm, na mizinga ndiyo iliyolimaliza. Kuhusu makumbusho yenyewe, ulizia asubuhi ile ile kama yamefunguliwa.

Ukiwa na dakika kumi za ziada, zitumie kwenye Dispensari ya Zamani, Mizingani, iliyogharamiwa na Tharia Topan na kukamilika mwaka 1894. Roshani zake za mbao ndiyo kazi nzuri kabisa ya seremala kwenye ufukwe huo. Hamamni, bafu la umma la zamani, ni kwa anayependa majengo. Nyumba ya Freddie Mercury, Shangani, ni picha ya mlangoni, isipokuwa kwa mpenzi wa muziki wake. Makumbusho yake yana kiingilio cha peke yake na yanataka nusu saa, ambayo itakatwa kwingine.

Sasa mtembezaji mwenyewe. Halali ana kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii Zanzibar, na hukionyesha bila kinyongo. Papasi, mtembezaji wa mtaani asiye na kibali, hukupokea bandarini au pale Mti Mkubwa, huanza kutembea nawe kama rafiki, kisha mwisho wa njia hudai malipo ambayo hamkupatana. Dawa ni kupatana bei kabla ya hatua ya kwanza: kwa kundi au kwa kichwa, kwa shilingi au dola, saa ngapi, na viingilio juu ya nani. Ziara inayoitwa ya bure nayo hulipiwa kwa bakshishi mwishoni, tena ya kutazamana machoni.

Maduka yana ujanja wao. Mtembezaji akikuingiza dukani, mara nyingi kuna cha juu chake, nacho huongezwa kwenye bei yako ya viungo au picha ya Tingatinga. Si uhalifu, ni riziki, lakini ni muda wako pia. Sema mapema: "Kaka, leo dukani hatuingii, nitarudi mwenyewe kesho." Wengi huheshimu, na wengine hufurahi kupumzika na maneno yale yale.

Ukiwa unazungumza Kiswahili, dai ziara kwa Kiswahili, lakini ujue hasara yake. Wapo waliokariri hotuba kwa Kiingereza au Kiitaliano, na kwa Kiswahili wakaifupisha nusu wakidhani mwenzao anajua yote. Mkatize kwa maswali. Nani anaishi nyumba hii sasa? Ya wakfu, ya serikali, au ya mtu? Paa linavuja? Kwa Kiswahili majibu ya maswali hayo huwa marefu, na mara nyingi jirani aliye barazani huchangia.

Lipa mwishoni, Forodhani, kwa fedha taslimu iliyo kamili. Vyakula vya jioni huanza kupangwa jua likizama. Mishikaki ya samaki na pweza ulizia bei kabla haijawekwa kwenye sahani. Na kama ni urojo unaoutaka, muulize mtembezaji yeye na wanawe wanaununua wapi; mara nyingi atakutajia mtaa wa ndani, si Forodhani.