Uzoefu wangu: kutembezwa Ollantaytambo kwa miguu

Wengi wanaokwenda Machu Picchu, magofu maarufu ya Wainka (watawala wa Peru kabla ya Wahispania), hufika mji wa Ollantaytambo kupanda treni tu, wakaondoka. Mimi nilimchukua mwongoza watalii mwenyeji anitembeze nusu siku. Ukipata siku ya ziada huko Peru, itumie hapa.

Mji upo katika Bonde Takatifu, mita zipatazo 2,800 juu ya usawa wa bahari, pale mto Patakancha unapoingia Urubamba. Cusco, jiji lenye uwanja wa ndege, iko karibu mita 3,400, kwa hiyo ukitua huko ukashukia huku kwanza, mwili unazoea hewa nyepesi bila taabu kubwa.

Mwongozaji alianzia mitaani, siyo kwenye magofu, na kwangu hiyo ndiyo sehemu iliyostahili bei yote. Vichochoro bado vimenyooka vile Wainka walivyovipanga karne ya 15. Chini ukuta ni mawe yao, juu ni matofali ya udongo, na watu wanaishi humo humo, wanaongea Kiquechua, lugha ya Wainka, mlangoni. Maji ya mlimani yanakimbia kwenye mfereji wa mawe kandokando ya njia; nilitia mkono, baridi ikanipanda hadi kiwikoni. Mlango mmoja mzito wa mawe unaingiza kwenye ua unaozungukwa na nyumba kadhaa.

Kwenye ngome, yaani magofu yenyewe, tulipanda ngazi za matuta mpaka kwenye mawe sita makubwa ya rangi ya waridi. Yalichongwa machimbo ya Kachiqhata, ng'ambo ya mto, yakateremshwa bondeni na kupandishwa tena huku. Mengine hayakufika, yamelala njiani hadi leo. Ni tukiwa juu ya matuta ndipo nilipoelewa vita vya 1537. Mwongozaji alinionyesha kwa kidole uwanda ulio chini: Hernando Pizarro, kamanda wa Wahispania, alikuja na wapanda farasi, Manco Inca, mfalme wa Wainka, akafungulia maji uwanda ukafurika, farasi wakakwama, Wahispania wakarudi nyuma usiku. Mwaka huohuo Manco aliuacha mji akakimbilia Vilcabamba, mbali zaidi, lakini siku ile alishinda, na ni vizuri kusimuliwa ushindi huo palepale ulipotokea.

Maghala ya Pinkuylluna, kilima cha upande wa pili, hayana kiingilio. Yalijengwa juu vile ili upepo baridi uhifadhi nafaka. Mwinuko ni mkali. Mwenye magoti mabovu aishie chini.

Kilichoniudhi ni mambo mawili. Tiketi ya magofu haikuwa ndani ya bei, na sikuambiwa mapema. Halafu tulifika ngomeni mchana, mabasi ya watalii yamejaa, ikabidi tupange foleni kwenye ngazi. Omba muanze asubuhi sana, ngome kwanza, mitaa baadaye. Miezi ya mvua, Desemba hadi Machi, vaa viatu vyenye kushika, maana mawe ya Pinkuylluna yanateleza. Natoa nyota nne kati ya tano.