Komedi za Kimarekani kwa Kiswahili: kibanda umiza cha Manzese

Sisi tuliokulia kwenye kanda za Lufufu, yule mtafsiri wa filamu, hatudanganyiki kwenye filamu za kutafsiriwa, na huyu dijei wa Manzese, anayeziingizia filamu sauti ya Kiswahili, anajua kazi. Kiingilio cha kibanda chake cha kuonyeshea video ni shilingi 500. Mabenchi ya mbao, joto la kutosha, lakini sabufa imetulia.

Nendeni siku wanayoweka Coming to America, ile ya mwaka 1988. Pale saluni, wazee wanapobishania mabondia, Eddie Murphy mwenyewe anaigiza zaidi ya mhusika mmoja, na dijei kampa kila mmoja sauti yake. Kinyozi Clarence anafoka kama mzee wa kijiwe cha kahawa anayetetea Yanga. Saul, yule mzee mzungu, anavuta maneno taratibu, halafu anatupa jibu moja, ukumbi mzima unapasuka. Jamani, yule kijana anajua kusubiri! Anaacha sekunde kidogo, watu wamalize kucheka, ndipo anaendelea. Madijei wengi hawana subira hiyo.

Kinachoniudhi ni salamu. Katikati ya stori anaanza kumtangaza fundi simu wa jirani, na ukija kushtuka mazungumzo yamekupita. Tunaomba matangazo yawekwe mwanzoni, kaka, kazi yako ni nzuri mno kuikatakata hivyo.

Jumapili kunajaa watoto, hamtasikia kitu. Katikati ya wiki, baada ya magharibi, ndiyo raha yenyewe. Wahini benchi la pili, feni inafika hapo.