Dirisha la nyumba ya Mombasa: lipi litangulie kununuliwa

Kabla hujaenda kwa fundi wa alumini, tazama kila dirisha lako limeelekea wapi. Hapa jua la adhuhuri huwa karibu utosini, na ukingo wa paa unatosha kulizuia. Linaloumiza ni la asubuhi upande wa mashariki, na zaidi lile la saa tisa na saa kumi alasiri, linapopita chini ya paa na kuingia hadi kwenye makochi. Kioo cheupe cha kawaida hupitisha kama asilimia 80 ya joto hilo. Basi pesa zianzie magharibi.

Nambari moja kwangu ni dirisha la bawaba lenye vifuniko vya mbao nje, vile vya vibao vya mshazari ambavyo Mji wa Kale haujaviacha. Vinalikata jua kabla halijagusa kioo, na upepo unapita. Kaskazi ya Desemba hadi Machi na kusi inayofuata ni baridi ya bure, na ni makosa kuifungia nje. Dirisha la kuteleza, ambalo kila nyumba mpya Nyali na Bamburi inawekewa, hufunguka nusu tu. Kama mbao ni ghali, vioo vya luva vinaleta upepo vizuri, ila havizibi, kwa hiyo usiviweke kwenye chumba cha kiyoyozi.

Pili, kioo kimoja chenye utando wa kurudisha jua, yaani tabaka jembamba linalopakwa kiwandani. Kinafaa ghorofani, mahali ambapo huwezi kutundika mbao.

Tatu ni vioo viwili vyenye nafasi ya hewa katikati. Uingereza wanavinunua ili joto la hita lisitoke: hewa iliyofungiwa haipitishi joto upesi, na upotevu kupitia kioo hupungua kama nusu. Hapa kazi hiyo inageuka, joto la nje lisiingie. Lakini chumba cha nyuzi 24 na nje nyuzi 32 vinapishana nyuzi 8 tu, wakati kwao majira ya baridi tofauti hufika 15 na kuzidi. Ndiyo maana navipendekeza kwa chumba ambacho kiyoyozi kinawaka usiku kucha, basi, tena viwe na utando wa kuzuia jua. Bila utando, jua litaingia tu.

Utando uupime mwenyewe dukani. Washa kiberiti mbele ya vioo hivyo viwili, utaona miali minne ndani yake, mmoja kwa kila uso wa kioo. Mmoja ukiwa na rangi tofauti, utando upo. Ukiwa umesimama upande utakaokuwa nje, mwali huo uwe wa pili.

Mwisho kabisa ni tinti nyeusi ya kubandika. Inapunguza mwanga, lakini inanyonya joto: weka kiganja kwenye kioo hicho alasiri uone kinavyochoma. Joto hilo sehemu yake linamwagikia ndani, na kioo kinaweza kupasuka.

Fremu nayo ni suala. Karibu na bahari chuma huliwa na kutu, na alumini hafifu hutoka unga mweupe kwenye magurudumu na kona. Dai alumini iliyopakwa rangi kiwandani na skrubu za chuma kisichoshika kutu, na uzihesabu kabla ya kumlipa fundi salio.