Kamera ya Wi-Fi ya sebuleni: picha kali, usingizi ndo sina

Nimeichukua Kariakoo mtaa wa Aggrey, elfu 65 pamoja na memori kadi ya GB 32, zile nyeupe za kichwa kinachozunguka. Jirani walibebewa tv ndo nikashtuka. Kuifunga hakuna kazi, unaskani unaweka paswedi bas, ila ruta yako iwe inatoa Wi-Fi ya 2.4 GHz, ile ya 5 GHz haiioni. Picha ya mchana nzuri, sauti kama mtu anaongelea kwenye ndoo.

Sasa usiku. Saa 8 na dakika 40 simu inalia, "mwendo umegunduliwa", na ndani tuko wawili tu na wote tuko kitandani. Nafungua nakuta dera la wife mlangoni feni inalipepea, nikacheka. Kesho yake tena, safari hii kuna kiduara cheupe kinapita mbele ya tv kinapanda kinapotea, wife akaanza Ayatul Kursi palepale. Baadae ndo nikaja kuelewa, gizani inawasha taa za infraredi ambazo jicho letu haliioni, mbu au vumbi likipita karibu na lenzi linang'aa kama taa, na yenyewe inalinganisha tu picha hii na iliyopita, kikibadilika kitu inakuita.

Haya nimeelewa, ila kulala bado silali. Siku hizi naamka kabla haijalia. Bi mkubwa alikuja wiki 2 sebuleni hakai, "mwanangu hicho kidude chako kinanigeukia", na kweli kinageuka, ndo kazi yake, kwenye boksi wameandika kabisa kwamba kinamfuata mtu.

Kilichonimaliza ni klipu ya juzi. Nimesimama katikati ya sebule na bukta, naikodolea macho kamera, dakika 4 nzima, wakati mimi najua niliamka kunywa maji nikarudi kulala. Kochi langu, jagi langu pale mezani, ila kwa ile rangi ya kijivu unaona kabisa ni nyumba ya watu na huyo jamaa wa bukta ndo kaingia.

Kwa nje getini ingekuwa poa ila haihimili mvua. Kwa duka naipa nyota 4, kwa nyumba ya kulala watu, nyota 2.

Naiuza 45, boksi lipo, chaja ipo. Memori kadi nabaki nayo.